Mjadala: Allan Bloom alitetea elimu ya kale, au alitetea mlango wa wachache?

Mzee wa Rafu

Wakuu, naleta hoja hii kwa nia safi. Allan Bloom, mwanafalsafa wa siasa wa Marekani, alizaliwa Indianapolis mwaka 1930, akaingia Chuo Kikuu cha Chicago angali kijana mbichi, akasoma kwa mwanafalsafa Leo Strauss, akafariki Chicago mwaka 1992. Sehemu kubwa ya maisha yake alikuwa mwalimu na mfasiri. Alifasiri barua ya Rousseau kwa D'Alembert (1960), Republic ya Plato (1968) na Emile ya Rousseau (1979). Nje ya vyuo hakujulikana, mpaka 1987 alipotoa The Closing of the American Mind, yaani kufungika kwa akili ya Mmarekani. Kitabu kinachojadili Plato, Rousseau na Nietzsche kikapanda hadi nambari moja katika orodha ya New York Times.

Hoja yake kwa kifupi: kijana anafika chuoni na imani moja tu isiyotikisika, kwamba hakuna ukweli, kila mtu na wake. Amelelewa hivyo ili awe mvumilivu. Lakini aliyeshiba imani hiyo hana tena sababu ya kumfungua mtu aliyekufa miaka 2,400 iliyopita amuulize kama ana jibu. Uwazi unaosifiwa ndio uliofunga mlango. Dawa ni vitabu vikuu vya kale, visomwe vizima, polepole, na vyenyewe ndivyo vituulize maswali.

Mimi nasema kiini chake ni sahihi, hata kama pembeni aliteleza. Karibuni.

Nahodha77

Mkuu, unasema "kijana". Kijana yupi? Bloom mwenyewe anakiri mwanzoni kabisa kwamba anawazungumzia wanafunzi wa vyuo 20 au 30 bora, wenye akili na nafasi ya kusoma wanachotaka. Huwezi kupima homa wagonjwa wa wodi ya daraja la kwanza ukatangaza nchi nzima ina malaria. Na chanzo chenyewe tunakijua. Chuo Kikuu cha Stanford walifuta ustaarabu wa Magharibi, mwanasiasa mweusi Jesse Jackson akaandamana nao, wakubwa wakaona dunia imekwisha, Bloom akaandika. Hasira za siasa zimevalishwa joho la Plato.

Binti Mrima

Nahodha, kwenye vyuo 20 au 30 uko sawa kabisa, na nasubiri Mzee akujibu hapo. Kwenye Stanford umepindua mpangilio. Maandamano ya Jackson yalikuwa Januari 1987, kitabu kilitoka mwaka huohuo kikiwa kimeshaandikwa, na mbegu yake ni makala aliyoitoa National Review mwaka 1982. Kura ya Stanford ilipigwa Machi 1988, 39 kwa 4. Na hawakufuta ustaarabu. Kilichofutwa ni kozi moja ya mwaka wa kwanza iliyoanza 1980, jina lake Western Culture, yenye orodha ya vitabu 15 vya lazima. Waandamanaji waliokuwa wakiimba "Western Culture iondoke" waliitaja kozi kwa jina lake, magazeti yakaandika kana kwamba wanamfukuza Homer. Pande zote mbili zimejengea hoja juu ya wimbo uliosikika vibaya.

Shungi

Mnauzunguka mbuyu. Huyu Bloom aliwakimbia wanafunzi weusi pale Cornell, chuo alichokuwa akifundisha, baada ya msukosuko wa 1969, akajificha Toronto miaka tisa, kisha akarudi kuwafundisha watu adabu ya vitabu. Hilo hamligusi, mnahesabu kura za Stanford.

Mzee wa Rafu

Dada Shungi, hapo sitanyamaza. Kukimbia ni neno zito, tulipime kwa tarehe.

Alfajiri ya Ijumaa tarehe 18 Aprili 1969 msalaba ulichomwa mbele ya nyumba ya wanafunzi wa kike weusi. Alfajiri ya Jumamosi tarehe 19 wanachama wa Afro-American Society, chama cha wanafunzi weusi, wakaliteka jengo la Willard Straight Hall. Ilikuwa wikendi ya wazazi, na wageni waliolala humo wakatolewa. Vijana wa kizungu wa chama cha Delta Upsilon wakajipenyeza kuwatoa kwa nguvu, ukazuka ugomvi, wakatimuliwa. Bunduki ziliingizwa baada ya hapo. Jumapili tarehe 20 wanafunzi wakatoka nazo mikononi, uongozi ukiwa umekubali masharti yao. Jumatatu baraza la walimu likakataa kufuta adhabu za wanafunzi zilizokuwa sehemu ya mgogoro. Jumatano tarehe 23 baraza lilelile likageuza kura yake.

Ukisoma sura ya Bloom juu ya miaka ya sitini utaona moto wake wote ni wa Jumatano. Anawashutumu maprofesa waliopiga kura moja Jumatatu na nyingine Jumatano bila hoja mpya, ila hofu. Na katika sura hiyohiyo anamtaja mwanafunzi mweusi aliyetishiwa na mwalimu kwa sababu alikataa kujiunga na wenzake. Bloom alikuwa upande wa mwanafunzi huyo.

Shungi

Mzee, tarehe umezipanga vizuri, ila msalaba uliochomwa umeuruka kama mtu anavyoruka dimbwi. Sentensi moja, basi, twende kwenye kura. Bloom naye ni hivyohivyo. Ana nafasi ya kuilinganisha Cornell na vyuo vya Ujerumani vilivyomnyenyekea Hitler, ana nafasi ya kuiweka Nuremberg na Woodstock kwenye kapu moja, lakini hofu ya wasichana waliouona ule moto mlangoni kwao haimpi swali lolote la kifalsafa.

Tena niwaambie kilichozaliwa pale. Kituo cha Africana, cha masomo ya Afrika na watu weusi, kilifunguliwa Septemba 1969 chini ya James Turner. Kituo hicho ndicho makao ya Kiswahili pale Cornell. Lugha hii tunayogombania ndani yake sasa hivi inafundishwa chini ya paa lililosimikwa na msukosuko ambao Bloom aliuhesabu kuwa anguko la chuo. Halafu mnataka nimpigie makofi?

Kizibo

Hiyo ya Kiswahili imenipiga mimi. Shungi, kaza hapohapo.

Nahodha77

Na huyohuyo Bloom ndiye aliyeuliza kwa kejeli, "Tolstoy wa Wazulu ni nani?" Mjadala ungeishia hapo. Mtu anayeuliza swali hilo ameshafunga akili yake kabla hajaandika kitabu cha akili kufungwa.

Mtarjumani

Si Bloom, ni Saul Bellow, mwandishi wa riwaya mwenye Nobel, aliyemwandikia Bloom dibaji. Maneno hayo yalichapwa 1988 katika makala ya New York Times Magazine iliyokuwa ikimzungumzia Bloom, ndiyo maana watu wanambebesha. Bellow aliuliza pia Proust wa Wapapua ni nani, akaongeza kwamba angefurahi kumsoma.

Kizibo

Tofauti iko wapi, Mtarjumani? Walifundisha darasa moja Chicago, mmoja kamwandikia mwenzake dibaji. Ndege wa mbawa moja. Ukishirikiana na mwizi kubeba gunia huwezi kusema hukuona kilichomo.

Mtarjumani

Tofauti ni kwamba tunamhukumu mtu kwa maneno yake. Bloom ana ya kwake mabaya ya kutosha, huna haja ya kumwazimia. Kwa mfano, aliandika kwamba upendeleo wa makusudi kwa weusi katika vyuo vikubwa umeugeuza utengano kuwa utaratibu rasmi. Mgombe hapo, ni maneno yake.

Binti Mrima

Kwa kuwa Wazulu wameshaingia, tumalize hesabu yao. Ralph Wiley, mwandishi Mmarekani mweusi, alijibu kwa mstari mmoja: Tolstoy ndiye Tolstoy wa Wazulu. Maana yake kazi ya binadamu mmoja ni mali ya wote, hakuna kabila linalodaiwa kuzaa nakala. Bellow mwenyewe alijitetea mwaka 1994 gazetini, akasema alisahau kwamba riwaya ya Kizulu ipo, naye alishaisoma: Chaka ya Thomas Mofolo.

Nahodha77

Mofolo si Mzulu! Ni Msotho, na Chaka imeandikwa kwa Kisotho. Mtu anaomba radhi kwa kutowajua, anakosea hata jina la anayemwomba radhi. Kama ni Mzulu wanamtaka, Mazisi Kunene yupo, kamtungia mfalme Shaka utenzi mzima kwa Kizulu kwanza ndipo akauleta Kiingereza mwaka 1979.

Mtarjumani

Hapo Nahodha umepiga penyewe. Tena historia ya muswada wa Mofolo inauma. Aliumaliza mnamo 1910, wamisionari wenye mtambo wa kuchapa pale Morija wakaukalia hadi 1925 wakihofia namna unavyozungumzia mambo ya jadi. Miaka 15 kwenye droo.

Ila nisikilizeni hadi mwisho, msinikate. Msomeni Mofolo kama Bloom anavyotaka Plato asomwe, halafu mniambie nani anapoteza. Kijana amenyimwa haki na baba yake, amefukuzwa kama mbwa. Anakutana na mganga, Isanusi. Isanusi hamlazimishi, anamuuliza kila mara: unataka nini? Kila jibu lina bei, na kila bei ni kubwa kuliko ile ya jana. Bei ya mwisho ni Noliwa, msichana aliyempenda, na Chaka analipa. Sasa fungueni Republic kitabu cha nane na cha tisa, pale Socrates anapoonyesha mtawala wa mabavu anavyozaliwa: mtu anayefanya akiwa macho yale ambayo wengine huyaona ndotoni tu, mwenye mji mzima mkononi na asiye na rafiki hata mmoja. Swali ni lilelile. Socrates anasema mtu huyo ndiye mtumwa kuliko wote, Mofolo anakuonyesha usiku wa mtumwa huyo, ndoto zake, jasho lake. Sioni Plato akimshinda Mofolo hapo, wala Mofolo akihitaji ruhusa ya Plato.

Kizibo

Maneno matamu, lakini bado umempitisha Mofolo kwenye mizani ya Mgiriki. Kwa nini hamumpitishi Plato kwenye mizani ya Mofolo? Kila mara sisi ndio tunaoletwa mezani kupimwa.

Mtarjumani

Nimefanya hivyohivyo, ndugu yangu, rudia kusoma. Plato hana Noliwa. Mtawala wake wa mabavu ametawaliwa na tamaa, hakuna mahali anapotoa kitu anachokipenda. Mofolo anasema mabavu hununuliwa kwa upendo. Kwa mizani hiyo Plato ndiye aliyepungukiwa.

Mzee wa Rafu

Tumetoka mbali na hoja, naomba turudi. Nahodha aliuliza juu ya vyuo 20 au 30, na Binti anasubiri. Najibu: ndiyo, kundi ni dogo, na ni udhaifu. Lakini watu wanampinga Bloom kana kwamba alisema "chukua orodha, maliza orodha." Hakusema. Katika sura yake ya mwisho anataja mwenyewe kasoro za kuabudu vitabu vikuu: kwamba ni mchezo wa wasio na ujuzi, kwamba unampa mtu kiburi cha aliyejisomea peke yake, kwamba huwezi kusoma vyote kwa makini, kwamba unazua ukaribu wa uongo na wakubwa wa zamani. Anasema anakubaliana nazo. Halafu anasema, pamoja na hayo yote, popote vitabu hivi vinapokuwa katikati ya masomo wanafunzi huchangamka na kutosheka.

Na hili linafanyika kwa vitendo. St. John's College pale Annapolis wamelifanya tangu 1937. Wanafunzi wasiozidi 20 hivi kwenye meza moja ndefu, walimu wawili, Jumatatu na Alhamisi usiku, kwa muda wa saa mbili nzima. Hakuna mhadhara. Mwalimu mmoja anatoa swali la kufungulia, kisha wote wawili wananyamaza hadi pale inapobidi. Hesabu wanaanza na Euclid mwenyewe, si kitabu cha kiada, mwanafunzi anasimama ubaoni kuthibitisha pendekezo. Kigiriki miaka miwili ya kwanza, Kifaransa miwili ya mwisho. Mwisho wa muhula mwanafunzi anakaa mbele ya walimu wake wote, wanamzungumzia kwa mdomo yeye akisikiliza, kisha anajibu.

Nahodha77

"Kiburi cha aliyejisomea peke yake." Mmeona? Hata kwenye kukiri kwake anawatia kofi watu waliojisomea. Nusu ya waliojenga nchi zetu walisomea kibatari, bila meza ndefu wala walimu wawili. Bloom alipewa Chicago, akapewa Paris kusoma kwa mwanafalsafa Kojève, halafu anawaita waliojisomea wenye kiburi.

Mzee wa Rafu

Hakusema wanaojisomea wana kiburi, alisema...

Nahodha77

Nimesoma alichosema, umekiandika mwenyewe hapo juu.

Binti Mrima

Acheni hilo, mtaliburuza hadi kesho. Mzee, meza umeieleza vizuri ila hukusema inavyoharibika, na huharibika mara nyingi. Ya kwanza, mwalimu anatoa swali ambalo jibu lake analo mfukoni. Wanafunzi wanagundua ndani ya dakika kumi, na kuanzia hapo hawasomi tena Plato, wanausoma uso wa mwalimu. Swali zuri la kufungulia ni lile ambalo mwalimu mwenyewe linamkwaza, na linafungamana na mstari unaoweza kuwekewa kidole. "Haki ni nini?" ni swali bovu, linaita maoni. "Kwa nini mzee Cephalus anaondoka kwenda kutoa sadaka pale tu mazungumzo yanapokolea?" ni swali zuri, huwezi kulijibu bila kurudi ukurasani.

Ya pili, kurasa kupita kiasi. Ukiwapa Republic nzima kwa vikao viwili watakuja na muhtasari wa watu wengine. Kitabu cha kwanza peke yake kinataka jioni nzima. Ya tatu ndiyo anayoisahau Bloom: anayezungumza kwa wepesi hula muda wa wote, na kwa kawaida ni yule aliyekwishazoea meza kama hiyo nyumbani kwao. Mwalimu asiyejua kumzuia bila kumwaibisha huishia kufundisha watatu kati ya ishirini.

Na juu ya nani anaruhusiwa mezani, mjibuni mwanafalsafa Martha Nussbaum. Alimchambua Bloom mwaka 1987 katika New York Review of Books, naye anakisoma Kigiriki hasa. Bloom anazungumza kana kwamba watu wa kale wote walifikiri falsafa ni ya wachache. Musonius Rufus, mwanafalsafa Mstoiki wa Roma, alifundisha waziwazi kwamba wanawake nao wafunzwe falsafa. Huo nao ni ukale. Mtu anayetetea elimu ya kale kwa kuchagua nusu yake ametetea nusu yake tu.

Shungi

Binti, nakupa mkono. Na kuhusu wanawake, mtamkuta Bloom anasema usawa wa wanawake katika kitabu cha tano cha Republic si pendekezo la kweli, Socrates anatania. Ajabu, kila Plato anapofungua mlango, Bloom anasikia utani.

Mtarjumani

Shungi, hiyo umeibeba kwa usahihi, ila hasikii utani kwa wanawake tu. Kwake hata wafalme wanafalsafa ni sehemu ya utani huohuo, kwamba mji mkamilifu hauwezekani, na anayeujenga kwa nguvu ataua watu. Ni usomaji wa Strauss. Waweza kuukataa, Myles Burnyeat, mtaalamu wa falsafa ya Kigiriki, aliukataa kwa ukali mwaka 1985, lakini usiseme unawalenga wanawake peke yao.

Fanusi

Salaam kwenu. Nimesoma yote, nashangaa hakuna aliyetaja jambo lililo karibu nasi zaidi. Mnabishana Mgiriki ni wa Mzungu au si wake. Bloom alikuwa mhariri mkuu wa mfululizo wa vitabu ulioitwa Agora, na humo mwaka 1962 kilitoka kitabu cha mwanafalsafa Mwislamu Alfarabi juu ya falsafa ya Plato na Aristotle, kimefasiriwa kutoka Kiarabu na Muhsin Mahdi. Strauss mwenyewe alijifunza kwa Alfarabi namna ya kusoma waandishi wanaoficha. Ralph Lerner, mwanafunzi wa Strauss, ndiye aliyefasiri tena sherehe (yaani ufafanuzi) ya Ibn Rushd juu ya Republic mwaka 1974, akitumia Kiebrania kwa kuwa asili ya Kiarabu imepotea. Ibn Rushd, mtu wa Qurtuba, alikosa kitabu cha Siasa cha Aristotle akaamua kuifafanua Republic badala yake. Sasa hicho mnachokiita Magharibi kimepitia Baghdad na Andalusi. Bloom alilijua hilo, alilihariri kwa mkono wake, halafu katika kitabu chake cha 1987 akakipa jina la Magharibi na kusonga mbele. Lawama yangu kwake ni hiyo, wala si Cornell.

Kizibo

Shehe Fanusi, hii ndiyo hoja ya kwanza leo iliyonifanya nitake kumsoma. Profesa Ali Mazrui naye aliutoa mhadhara wake wa uprofesa pale Makerere juu ya Ugiriki ya kale katika fikra za siasa za Afrika, ukachapwa 1967. Miaka 20 kabla ya Bloom, Kampala walikuwa wanajadili habari hiyohiyo bila kulia.

Mtarjumani

Na Mwalimu Nyerere alikuwa anaijibu kwa kalamu. Alifasiri tamthilia za Shakespeare: Julius Caesar mwaka 1963, The Merchant of Venice kwa jina la Mabepari wa Venisi mwaka 1969. Bloom ana insha juu ya tamthilia hiyohiyo ya Venice katika kitabu alichokitoa 1964 pamoja na Harry Jaffa. Anaisoma Venice kama mji wa biashara: wageni wa dini mbalimbali wamefungwa pamoja na sheria ya mikataba, kwa kuwa biashara itakufa sheria ikipindishwa, na anauliza kama sheria peke yake inatosha kumfanya Mkristo na Myahudi wawe raia wa mji mmoja. Nyerere neno moja tu la jina la tamthilia limemtosha: si mfanyabiashara, si tajiri, ni mabepari, tena kwa wingi. Hilo ni fasiri na hukumu kwa pamoja.

Lakini Bloom angemkemea, na hapo ndipo ninapotaka tufike. Katika dibaji ya Republic yake anamshambulia Cornford, aliyeifasiri mwaka 1941, kwa sababu alilainisha. Cornford alikata majibu mafupi ya "ndiyo, Socrates", akafanya mazungumzo yawe hotuba, akaweka maneno ya maadili ya kisasa pale Plato alipoweka neno lingine. Sheria ya Bloom ni kwamba neno moja la Kigiriki lipewe neno moja, popote linapotokea, hata kama linakwaruza, ili msomaji asiyejua Kigiriki aone linavyosafiri. Mfano wake ni William wa Moerbeke, aliyemfasiri Aristotle kwa Kilatini neno kwa neno.

Basi jaribuni kwa Kiswahili na neno thymos. Ile sehemu ya nafsi iliyo kati ya akili na matamanio. Ndiyo aliyoibeba Francis Fukuyama, aliyekuwa mwanafunzi wa Bloom Cornell, mpaka kwenye kitabu chake cha 1992.

Fanusi

Mbona limeshafasiriwa siku nyingi. Wanafalsafa wa Kiarabu walisema nguvu ya ghadhabu. Neno tunalo: ghadhabu. Na ile ya akili waliiita natika, mzizi uleule wa kunutuku kwetu.

Mtarjumani

Shehe, ghadhabu inafaa mahali pawili, pa tatu inavunjika. Kwa Leontius inakaa vizuri. Huyu, katika Republic, alikuwa akipanda kutoka Piraeus, bandari ya Athens, chini ya ukuta wa kaskazini upande wa nje, akaona maiti zimelala karibu na mnyongaji. Akatamani kuzitazama, hapohapo akachukizwa, akajifunika uso, akapigana na nafsi yake. Tamaa ikamshinda, akayakodoa macho, akazikimbilia maiti akisema: "Haya, enyi mliolaaniwa, shibeni mandhari hii nzuri!" Anayakasirikia macho yake mwenyewe. Ghadhabu, sawa. Na watoto wachanga, ambao Plato anasema wanayo tangu kuzaliwa kabla ya akili, sawa pia. Lakini kitabu cha pili kinamtaka mlinzi wa mji awe na thymos kama mbwa wa jamii bora. "Mbwa mwenye ghadhabu" kwa Kiswahili ni mbwa wa kuuawa.

Kizibo

Weka moyo. "Askari mwenye moyo", "mbwa mwenye moyo." Na pale Odysseus anapojipiga kifua na kuukemea moyo wake, ambapo Plato anapatumia kama ushahidi, linaingia bila nyundo.

Binti Mrima

Moyo unavunjika kwa Leontius. Kwa Kiswahili moyo ndio unaotamani. Ukiandika "moyo wake uliyakasirikia matamanio yake", msomaji atauliza ni nani anamkasirikia nani, maana kwake hao ni kitu kimoja. Umeipoteza hoja yote ya Plato ya kuzitenganisha sehemu hizo mbili.

Shungi

Ghera. Mtu mwenye ghera hakubali kushindwa, hakubali kudharauliwa, na huona haya akijikuta amejishusha. Mbwa wa ulinzi ana ghera na boma lake. Leontius ghera yake imeyatukana macho yake. Na ule utawala wa wapenda heshima wa kitabu cha nane ni utawala wa wenye ghera, hakuna neno lingine linaloukaa vile.

Fanusi

Dada, na kitoto kichanga kinacholia kwa hasira? Utasema kina ghera?

Shungi

Kinyang'anye titi uone.

Mtarjumani

Leteni mahali pengine linapotokea katika kitabu cha nne, kuanzia pale Socrates anapouliza kama thymos huwahi kuungana na matamanio dhidi ya akili. Tuijaribu ghera mstari kwa mstari. Mzee wa Rafu, wewe una nakala ya Bloom yenye namba za pembeni, tuanze 440a.